Saa Kumi na Nne za Giza

Nilikuokota Januari, siku ya Mamajusi,
wodi ya tatu, kando ya pipa la bandeji.
Genowefa alikuwa anaifagia Krismasi yote:
nyuzi za dhahabu, misonobari ya karatasi, na wewe,
umebakiwa na majani manne mekundu na aibu.
"Huo wa kutupwa," alisema. "Kila mwaka tunanunua mwingine."
Nikakuficha ndani ya koti, baridi ya kuvunja mifupa,
tukapanda tramu ya kwanza, Łódź bado imelala,
sote wawili tukinuka dawa.

Watu hukuita ua. Si kweli.
Ua lako ni vile vidonge vya manjano katikati,
visivyotazamwa na mtu.
Wekundu ni majani tu
yaliyofunzwa na giza.

Aprili nilikukata, shibiri moja kutoka udongoni.
Utomvu mweupe ukanichuruzikia vidoleni,
ukawasha mpaka usiku wa pili. Basi, hatudaiani.
Mei nikakuhamishia chungu kikubwa kidogo,
kidogo tu, maana mizizi ikipewa jumba husahau kazi.
Juni nikakutoa roshani, upande wa kivuli,
mbolea kila baada ya wiki mbili, maji udongo ukikauka juu,
usije ukasimama majini kama mfuaji.
Julai nikachuna vichwa vya matawi ili yazae mengine.
Ulikuwa kijani, kijani kama mmea wowote,
wageni hawakuuliza jina lako.

Oktoba ndipo kazi.
Saa kumi na moja jioni, kabla sijavaa viatu vya zamu,
nakuingiza kwenye kabati la ukumbini.
Makoti nimeyahamishia kitandani,
kitanda chenyewe usiku hakina mtu.
Mlango wa kabati umepinda tangu enzi za shangazi, naukaza kwa skafu.
Kisha naenda kuwasha taa za wengine:
maji ya kitanda cha sita, sindano ya kitanda cha tisa,
bibi wa dirishani anayemwita farasi wake kwa jina.
Saa mbili asubuhi nakufungulia. Wewe unaamka, mimi naanguka.
Wiki kumi hivyo,
tunapokezana usiku kama ndoo.

Husema: lisilokuwepo machoni, na moyoni halipo.
Aliyesema hakuwahi kufungia mmea kabatini.
Kitanda cha sita kilipobaki kitupu, saa tisa za usiku,
nilinawa mikono, nikawaza:
huko kwangu kuna kitu
kinageuka kuwa chekundu bila kuonwa.

Desemba ukawaka, tawi kwa tawi,
ila moja, lililoelekea ufa wa mlango:
kijani, kaidi, kama halikuambiwa kitu.
Nikatafuta kosa langu. Skafu? Saa?
Usiku wangu wa mapumziko nikakaa ukumbini gizani,
mgongo ukutani, nakulinda.
Saa saba, taa ya ngazi ikawaka. Nyayo, kikohozi, kiberiti.
Mwanga ukapita kioo cha juu ya mlango,
ukapenya ufani, ukakugusa.
Saa nane na nusu, tena.
Saa kumi, tena.
Bwana Teofil wa mlango wa pili,
ambaye kwa miaka sita nimemjua kwa "siku njema" tu.
Wiki kumi ulikuwa ukiandika, jani baada ya jani,
daftari la mtu asiyelala.

Mkesha wa Krismasi hapa huwekwa sahani moja ya ziada
kwa mgeni asiyetarajiwa.
Kila mwaka naiweka. Kila mwaka naiosha ikiwa safi.
Safari hii nikabisha mlango wa pili.
Alikuja na shati lililopigwa pasi upande wa mbele tu,
akanywa supu ya bitiruti, akatoa miiba ya samaki bila haraka,
akaipanga ukingoni mwa sahani,
akakutazama.
"Hili tawi halijaiva," alisema.
"Halijaiva," nilikubali,
nikamwongezea supu.